WASIA WA MZAZI NA MADAI YA KUSHAWISHIWA

Sifa njema zote ni za Mwenyezi Mungu, aliyeigawanya mirathi Yeye mwenyewe wala hakuiacha mikononi mwa wenye kupendelea. Na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad (S.A.W.), na jamaa zake na masahaba zake.

Ama baada ya hayo: somo letu la leo ni juu ya wasia wa mzazi, na maneno yasemwayo na watoto baada ya mazishi, ya kwamba mzee hakuusia kwa hiari yake bali alishawishiwa. Tumelichagua kwa kuwa ugomvi wa namna hii wasikika Kibra na Kawangware, Kangemi na Riruta, na hata katika majumba makubwa ya Parklands na Lavington. Na sura yake ni moja kila mahali. Mzee alikuwa akikaa na mtoto mmoja. Alipougua, mtoto huyo ndiye aliyempa dawa, ndiye aliyempeleka hospitali, na ndiye aliyeshika ufunguo wa sanduku. Mzee akafa. Baada ya matanga ikatolewa karatasi, na ndani yake ile nyumba yenye vyumba vya kupangisha amepewa mtoto yule peke yake. Wenzake wakasema, "Haya si maneno ya baba." Naye akawajibu, "Nyinyi mlikuwa wapi siku alipokuwa hawezi kugeuka kitandani?"

Hapo kila upande huenda mjini kutafuta wakili. Kesi hufunguliwa, na miaka hupita. Kodi ya vyumba hukusanywa na mmoja na wengine hawaioni, na watoto wa tumbo moja hufika Idi bila ya kuamkiana.

Muradi wetu ni kuonyesha mambo mawili. La kwanza, kwamba sharia yetu imekwisha ufunga mlango mkubwa wa ugomvi huu, ila watu hawajui. La pili, kwamba milango midogo iliyobaki yapasa kufungwa na mzee mwenyewe angali na afya na akili. Kwani shauri likishafika mbele ya kadhi au jaji, yule mwenye kuujua ukweli wote amekwisha zikwa.

MIPAKA YA WASIA

Kuusia ni jambo lenye asili katika dini. Katika Suratul-Baqara, aya ya 180, watu waliamrishwa kuwausia wazazi na jamaa kwa wema. Kisha zikashuka aya za mirathi katika Suratun-Nisaa, aya ya 11 na ya 12, na kila mrithi akapewa fungu lake kwa hesabu. Na Mtume (S.A.W.) akabainisha kuwa, maadamu kila mwenye haki amekwisha pewa haki yake, hapana tena wasia kwa mrithi. Hadithi hii wameipokea Abu Dawud na Tirmidhi. Huo ndio mpaka wa kwanza.

Mpaka wa pili ni thuluthi. Saad bin Abi Waqqas (R.A.) aliugua Makka, na wakati huo hakuwa na mrithi katika watoto ila binti mmoja. Akataka kuitoa thuluthi mbili ya mali yake, akakatazwa. Akataka nusu, akakatazwa. Akataka thuluthi, akaruhusiwa, na juu ya hayo akaambiwa kuwa hiyo thuluthi nayo ni nyingi, na kuwa kuwaacha warithi wakijitosheleza ni bora kuliko kuwaacha wakiwanyoshea watu mikono. Habari hii imo katika Bukhari na Muslim.

Basi kwa madhehebu yetu ya Kishafii, mtu akimwusia mrithi wake chochote, au akimwusia asiyekuwa mrithi zaidi ya thuluthi, wasia huo hungojea ruhusa ya warithi. Na ruhusa hiyo hutolewa baada ya kufa mzee, na warithi waliobaleghe na wenye akili timamu. Aliyekubali mzee angali hai, ama kwa kumwonea haya au kwa kutaka radhi zake, hafungwi na neno hilo. Wenzetu wa madhehebu ya Jaafari wao huona kuwa wasia kwa mrithi wafaa bila ya ruhusa, maadamu hauzidi thuluthi. Kwa hiyo kila nyumba na iulize wanazuoni wa madhehebu yake.

Na mipaka hii katika nchi yetu si ya msikitini tu. Sheria ya Urithi, yaani Sura ya 160, ilipitishwa mwaka 1972 na ikaanza kutumika tarehe 1 Julai 1981. Hapo mwanzo iliwachanganya Waislamu pamoja na wengine, na Waislamu wakaipinga kwa miaka. Mwaka 1990 ikabadilishwa, na ikawekwa wazi kuwa mali ya mtu aliyekufa hali ni Muislamu, awe ameusia au hakuusia, itagawanywa kwa sharia ya Kiislamu. Kilichobaki kwa wote ni yale mambo ya usimamizi wa mirathi, pale yasipopingana na sharia yetu.

Sasa na tulitazame tena lile shauri la mwanzo. Mtoto aliyemrai baba yake mpaka akampa nyumba yote kwa wasia amejitaabisha bure, kwani wasia huo hauna nguvu bila ya ruhusa ya wenzake. Na wenzake nao, wanapompeleka mahakamani kwa tuhuma ya kumghilibu mzee, hutuhumu pasipo haja. Walitosha kusema, "Sisi hatukuruhusu," na mali ikagawanywa. Neno hilo moja halimvunjii mtu heshima, halihitaji daktari wala mashahidi, wala halimfanyi maiti kuwa ni mtu aliyepumbazwa. Basi kabla ya kumtuhumu ndugu yako, tazama kwanza kama unahitaji kumtuhumu.

HESABU YAKE

Tuseme mzee ameacha mke mmoja, wana wa kiume wawili na mabinti watatu, na baada ya kulipwa gharama za mazishi na madeni mali yake ni shilingi 12,000,000. Naye amemwusia binti yake mkubwa, aliyemwuguza, shilingi 6,000,000.

Warithi wasiporuhusu, wasia huo huanguka. Mke atapata thumuni, nayo ni shilingi 1,500,000. Zilizobaki, 10,500,000, hugawanywa mafungu saba: kila mwana wa kiume mafungu mawili, yaani 3,000,000, na kila binti fungu moja, yaani 1,500,000. Yule binti mkubwa atapata 1,500,000 kama dada zake.

Wote wakiruhusu, binti atachukua 6,000,000 kwanza, kisha 6,000,000 zilizobaki zitagawanywa kwa hesabu ile ile, naye atapata fungu lake humo pia. Na akiruhusu mama peke yake, ruhusa yake humgusa yeye tu: atapokea 750,000 badala ya 1,500,000, na zile 750,000 alizoziacha atapewa binti, mafungu ya wengine hayapungui hata senti. Twayaeleza haya kwa urefu kwa sababu watu hudhani ya kuwa mama akisema ndiyo, wote wamesema ndiyo. Sivyo.

MILANGO YA PEMBENI

Wako wenye kujua ya kuwa wasia kwa mrithi haupiti, nao huzunguka nyuma ya nyumba. Milango waitumiayo ni mitatu.

Mlango wa kwanza ni hiba, yaani zawadi ya mtu hali yu hai. Mzee mwenye afya yuna haki ya kutoa mali yake, lakini hiba kwetu haitimii ila kwa kukabidhiwa. Mzee akiandika kuwa nyumba amempa mwanawe, kisha yeye mwenyewe akaendelea kukusanya kodi na kutengeneza mabati na kupangisha atakaye mpaka akafa, hiyo ni ahadi iliyoandikwa, haijawa hiba iliyotimia. Na shauri la kuitimiza limebaki kwa warithi. Tena mtu hawezi kutoa asichokimiliki. Ndugu zetu Wanubi wa Kibra wayajua haya kwa taabu. Wazee wao, askari wa King's African Rifles, walitengewa ardhi ile tangu 1912, lakini hati ya ekari 288 haikukabidhiwa ila mwaka 2017, na Rais Uhuru Kenyatta, nayo ni hati ya jamii nzima. Basi mzee wa huko atazame vizuri anachotoa: jengo lake na manufaa yake ni chake, ardhi iliyo chini ya hati ya jamii si yake peke yake.

Na hata hiba ikitimia, mzee na amche Mungu katika kuwafadhilisha watoto. Nuuman bin Bashir (R.A.) alipewa zawadi na baba yake, na baba akaenda kwa Mtume (S.A.W.) amshuhudishe. Mtume akamwuliza kama watoto wake wote amewapa mfano wa hiyo. Aliposema hapana, Mtume akakataa kuwa shahidi wa jambo la dhulma. Wanazuoni wetu wa Kishafii wameona kuwa kuwasawazisha ni sunna na kupendelea bila ya sababu ni makuruhu. Mahanbali wameona kuwa kusawazisha ni wajibu. Kwa kauli zote mbili, si jambo la kulifanyia mzaha. Na katika madhehebu yetu baba aweza kuirejesha hiba aliyompa mwanawe, maadamu mali hiyo ingali katika milki ya mwana.

Mlango wa pili ni utoaji wa katika maradhi ya mauti. Mtu akiwa katika ugonjwa ambao kwa desturi huogopewa kuua, kisha akafa kwa ugonjwa huo, zawadi zake huhukumiwa kama wasia: kwa mrithi hazipiti bila ya ruhusa, na kwa mwingine hazizidi thuluthi. Asili yake ni Hadithi ya Imran bin Husayn, iliyomo katika Muslim, ya mtu aliyewaacha huru watumwa wake sita alipokuwa yu karibu kufa naye hana mali nyingine, Mtume (S.A.W.) akapiga kura baina yao, wawili wakawa huru na wanne hawakuwa. Basi karatasi zilizotiwa dole gumba kitandani hospitali, wiki moja kabla ya kufa, hazimpi mtoto nyumba hata ziwe na mihuri kumi.

Mlango wa tatu ndio wa hatari, nao ni ikirari ya deni. Mzee husema, "Mwanangu fulani ananidai milioni tatu." Deni hulipwa kabla ya wasia na kabla ya mirathi, kwa hiyo aliyefanikiwa kuliweka neno hilo kinywani mwa mgonjwa huchukua mali mbele ya wote. Mahanafi hawaikubali ikirari ya mgonjwa wa mauti kwa mrithi wake ila warithi wenzake wakisadiki. Katika madhehebu yetu kauli yenye nguvu ni kuwa yakubaliwa, kwani mtu aliye katika kuiaga dunia hudhaniwa kusema kweli. Kwa ajili hiyo mwenye kumkopesha mzazi na aweke risiti za benki au za simu tangu siku ya kukopesha. Humlinda yeye na tuhuma, na huwalinda wenzake na uwongo.

USHAWISHI NI NINI

Katika vitabu vya fikihi hutapata mlango uitwao "ushawishi", lakini maana yake imetajwa mahali patatu. Kwanza katika ikrahi, yaani kulazimishwa: aliyeusia kwa kutishwa na mtu awezaye kulitenda analotishia, wasia wake haufai. Pili katika udanganyifu, kama kumsomea mzee asiyeona karatasi moja akatia alama katika nyingine. Tatu, nayo ndiyo iliyo karibu zaidi na somo letu, ni mali itwaliwayo kwa haya. Imam Ghazali na wengine katika wanazuoni wa Kishafii wamebainisha kuwa mali aliyoitoa mtu kwa kuona haya, na moyo wake haukuridhika, humpasa mwenye kuitwaa kama iliyonyang'anywa. Kadhi hauoni moyo. Lakini Mwenyezi Mungu auona.

Sheria ya nchi kwa wasiokuwa Waislamu yafuata njia ya Kiingereza. Kifungu cha 7 cha Sheria ya Urithi chabatilisha wasia, au sehemu yake, uliosababishwa na hila, au nguvu, au usumbufu wa kumwondolea mtu hiari yake, au uliotokana na makosa. Na majaji wa Uingereza, tangu katika shauri la Hall na Hall la mwaka 1868, wamepambanua baina ya kumnasihi mtu na kumsonga mpaka akasalimu amri. Na mahakama za Kenya hutegemea upambanuzi huo. Katika wasia hapana kudhania: adaiye kushawishiwa ndiye athibitishe. Lakini katika zawadi ya mtu aliye hai, kama mpewa alikuwa ameaminiwa na mtoaji na mambo yake yote yamo mkononi mwake, mahakama yaweza kumtaka mpewa aonyeshe kuwa mtoaji alikuwa huru.

Upambanuzi huu una maana hata kwetu. Mtoto akimwambia baba yake, "Baba, mimi sina nyumba, nifikirie," huyo ameomba. Akimkumbusha kuwa mjukuu fulani ni yatima na baba yake alikufa kabla ya babu, na kwa kuwa ami zake wapo hatarithi, basi mzee amwusie katika thuluthi, huyo amenasihi, na nasaha yake ni njema. Lakini akisema, "Usipotia sahihi sitakupeleka hospitali". Au akizuia simu za dada zake kisha akamwambia mzee, "Waona, wamekusahau". Au akimrudia kila usiku mpaka mgonjwa akatia dole ili apate kulala. Huyo ameitwaa hiari ya mtu. Kusema uwongo juu ya ndugu zako mbele ya mzazi asiyeweza kutoka nyumbani ni namna ya kufunga mlango kwa ufunguo.

Na tutazame hekima ya mipaka yetu. Katika hukumu mashuhuri ya mwaka 1996, katika shauri la Ndolo, Mahakama ya Rufani ya Kenya ilieleza kuwa mtu mzima yu huru kuusia mali yake atakavyo, lakini uhuru huo una mas'uliya. Na akiwasahau waliomtegemea, mahakama yaweza kuingia kati kwa kifungu cha 26. Sheria hiyo hutanua uhuru kwanza, kisha hutengeneza yaliyoharibika baada ya kifo. Sharia yetu huweka mpaka mbele, ili yasiharibike.

NANI ATHIBITISHE

Hata hivyo yako mashauri yasiyokwepeka: hiba iliyotimia, ikirari ya deni, au wasia wa thuluthi kwa mtu wa nje kama mtumishi au jirani. Hapo madai ya kushawishiwa yana mahali pake, na kanuni ni moja: ushahidi ni juu ya mwenye kudai, na kiapo ni juu ya mwenye kukana. Chuki ya zamani si ushahidi. Wala si ushahidi kusema, "Alikuwa akikaa naye peke yake." Lau kukaa na mzazi peke yake ni hila, basi kila mtoto mwema angekuwa ni mwizi. Na Suratul-Hujurat, aya ya 12, yatutahadharisha na dhana.

Mahakama ya Kadhi husikiliza mirathi pale pande zote zilipo Waislamu na zikikubali kuhukumiwa hapo, kama kisemavyo kifungu cha 170 cha Katiba ya 2010. Na sheria ya mahakama hizo ya mwaka 1967 yaamuru kuwa mashahidi wote wasikilizwe bila ya kubaguliwa kwa dini wala kwa kuwa ni mwanamume au mwanamke, na kadhi apime ukweli wa ushahidi, asihesabu vichwa vya mashahidi tu. Kwa hiyo mtumishi wa nyumbani aliyeona, na muuguzi aliyesikia, maneno yao yana uzito.

Mambo yatazamwayo na mwenye kuhukumu ni kama haya. Nani aliyemwita wakili na nani aliyemlipa? Mzee alipata kuwa peke yake na mwandishi, au mpewa alikuwa amesimama kichwani pake? Karatasi iliandikwa kwa lugha aijuayo mzee, na kama haikuwa hivyo, nani aliyemfasiria? Alikuwa akiona na kusikia? Dawa alizokuwa akinywa zilimlevya? Mashahidi ni watu wa nje, au ni mke na marafiki wa mpewa? Wasia huu waafikiana na aliyokuwa akiyasema mzee miaka iliyopita, au umegeuka ghafula? Na baada ya kuandikwa ulifichwa au ulijulikana? Dalili moja peke yake haitoshi. Zikikutana nne au tano, hapo mwenye akili husimama akatazama.

HAKI YA ALIYEUGUZA

Twaogopa msomaji asidhani kuwa somo hili ni la kumdhulumu mtoto aliyekaa na wazazi. Mara nyingi huyo ni binti, ameacha kazi au amekosa kuolewa, akamwosha mama yake na kumlisha kwa mkono miaka mingi, na kaka zake hutuma pesa za dawa mwisho wa mwezi wakaona kuwa wametimiza. Kisha mirathi ikigawanywa yeye hupata nusu ya fungu la kila kaka, na tena hutukanwa kuwa alimroga mama.

Mirathi haikuwekwa kuwa ni ujira wa kuuguza, wala hatuwezi kuigeuza. Lakini sharia haikumwacha binti huyu bila ya njia. Watoto waweza kuafikiana, mzazi angali hai, kuwa wamlipe ujira unaojulikana kila mwezi, wakaandika na kushuhudisha. Likicheleweshwa, huwa ni deni halali. Mzazi aliye na afya aweza kumpa hiba iliyo wazi na kumkabidhi mbele ya ndugu zake, akitaja sababu. Na haja ni katika sababu ambazo hata wenye kuwajibisha usawa, baadhi yao wamezikubali. Na baada ya kifo, kaka wenye muruwa waweza kuruhusu wasia wake wote au baadhi yake. Mwenye kulikataa hilo ana haki ya kukataa. Lakini akikataa, asiongeze matusi. Kuzuia ruhusa ni haki, kumzulia mtu ni dhambi.

SULHU

Katika Suratul-Baqara, baada ya kuonywa vikali wenye kuubadilisha wasia waliousikia, aya ya 182 imemwondolea dhambi mtu mwenye kuchelea upotofu au dhulma katika wasia akasuluhisha baina ya watu. Basi kusuluhisha si kuvunja neno la maiti. Katiba nayo, katika kifungu cha 159, yazitaka mahakama zihimize mapatano. Na tangu Aprili 2016, Mahakama Kuu ya Milimani ilipoanza mpango wa upatanishi, mashauri ya familia yaweza kupelekwa kwa mpatanishi kabla ya kusikilizwa. Lakini mpatanishi asifiche haki ya mjane wala ya mayatima wadogo, kwani hao hawana uwezo wa kusamehe. Fungu lao litolewe kamili kwanza, kisha wakubwa wapatane katika yaliyo yao. Mjane naye akitaka kusamehe na asamehe hali ajua kiasi cha anachokiacha.

LA KUFANYA MZEE ANGALI HAI

Twawausia ndugu zetu wenye wazazi, na wazazi wenyewe, mambo saba:

1. Wasia uandikwe katika afya. Mtume (S.A.W.) amehimiza kuwa Muislamu mwenye kitu cha kuusia usimpitikie usiku wa pili ila wasia wake uko kwake umeandikwa. Usingojee kitanda cha hospitali.

2. Uandikwe kwa lugha aijuayo mzee, na asomewe chote kwa sauti kabla ya kutia sahihi au dole, mwenye kupewa akiwa hayumo chumbani.

3. Mashahidi wawe wawili au zaidi, waadilifu, wasiopata chochote katika mali hiyo wala wake zao. Suratul-Maida, aya ya 106, imetaja mashahidi wawili waadilifu katika wasia.

4. Kama mzee ana umri mkubwa au ana maradhi ya kusahau, daktari aandike siku hiyo hiyo kuwa akili yake ni timamu. Maneno ya daktari aliyoyaandika siku ile ni bora kuliko ya mashahidi kumi baada ya miaka mitano.

5. Madeni na amana zote ziorodheshwe, na kila deni liwe na hati au risiti yake.

6. Hiba ikabidhiwe, na watoto wote waambiwe. Jambo likijulikana mzee angali hai, mwenye neno atamwuliza mwenyewe.

7. Nakala moja iwekwe nje ya nyumba: kwa wakili, au kwa mtu mwaminifu wa msikiti.

Na wewe mtoto unayekaa na mzazi, ukitaka kujilinda, wafungulie ndugu zako mlango. Waache waje, wakae naye peke yao, wazungumze naye kwa simu wakati wautakao. Hakuna ushahidi wa uaminifu wako ulio bora kuliko huo.

Mwisho, tukumbuke Hadithi ya Ummu Salama (R.A.) iliyomo katika Bukhari na Muslim: Mtume (S.A.W.) aliwatahadharisha wenye kugombana mbele yake kuwa huenda mmoja akawa fasaha kuliko mwenziwe akahukumiwa haki isiyokuwa yake, na aliyepata namna hiyo amekatiwa kipande cha moto. Basi ikiwa hukumu ya Mtume mwenyewe haihalalishi haramu kwa aijuaye kuwa ni haramu, seuze hukumu ya kadhi wa leo au ya jaji wa Milimani. Wakili hodari aweza kukupatia nyumba ya baba yako. Hawezi kukupatia radhi yake.

Twamwomba Mwenyezi Mungu awarehemu wazee wetu, na atujaalie tuwe ni wenye kuwatendea wema wangali hai, na wenye kuwatekelezea wasia wao wa haki baada ya kufa. Amin.

MASWALI YA DARSA

1. Baba amemwusia mwanawe wa kiume nusu ya mali. Mama na binti mmoja wameruhusu, wengine wamekataa. Nini hukumu ya kila fungu?

2. Kuna tofauti gani baina ya kumnasihi mgonjwa na kumsonga? Taja mfano mmoja wa kila kimoja, usiokuwa katika somo hili.

3. Mzee alimwandikia binti yake hiba ya nyumba miaka sita kabla ya kufa, lakini kodi aliendelea kuipokea yeye. Je, hiba imetimia?